Daktari wa Meli Anyamaza

Likizo ya Agosti mwaka 1999, kila asubuhi ya Rehma ilianza kwa namna moja. Alifagia uwanja wa nyumba yao pale Kaloleni, mjini Kisumu, akaosha vyombo, kisha akamsaidia mama yake kuchambua mchele. Ilipofika saa nne alikuwa amekwisha kuvaa kandambili, chupa ya chai mkono mmoja na maandazi mkono wa pili, tayari kumpelekea mjomba wake dukani. Mama yake alisema kwamba kama Rehma angekimbilia shule hivyo, angekuwa amekwisha kumaliza chuo kikuu.

Haraka hiyo ilikuwa na sababu. Mjomba wake, Hassan, alikuwa fundi wa redio mwenye duka dogo karibu na soko la Jubilee. Miezi miwili kabla ya hapo alileta kutoka Mombasa mashine ya gemu iliyokwisha kutumiwa na wenyewe, akaiunganisha na televisheni ya zamani katika chumba cha nyuma. Asubuhi, kabla ya vijana wa mjini kujaa, aliwaruhusu Rehma na rafiki yake Nakhungu wacheze. Wote wawili walikuwa na umri wa miaka kumi na mitatu.

Mchezo walioupenda ulikuwa wa kutisha. Meli kubwa inaelea baharini bila nahodha, taa zimezimika, na ndani yake mna viumbe vinavyokuja vikisikia nyayo. Mchezaji hana bunduki. Ana tochi, na ana miguu ya kukimbilia. Ili atoke salama, ni lazima atafute vinasa sauti vidogo ambavyo daktari wa meli aliviacha huku na huko. Ukiokota kimoja, sauti ya daktari inaeleza yaliyotokea, na mara nyingine inataja nambari ya kufungulia mlango. Nambari hiyo haikuandikwa popote. Usipoisikia, umekwama.

Rehma ndiye aliyebonyeza vitufe, na Nakhungu ndiye aliyesikiliza. Nakhungu aliugua surua akiwa mdogo, ikamwachia macho mabovu. Kwenye televisheni ile aliona giza na vivuli tu, lakini masikio yake hayakupitwa na kitu. Daktari alisema Kiingereza cha puani, maneno yakikimbizana, na Rehma aliambulia moja kati ya matano. Nakhungu aliyadaka yote. Tena Rehma alipofumba macho kwa hofu, jambo alilolifanya mara nyingi kuliko anavyokubali, Nakhungu ndiye aliyemwambia kiumbe kinatokea wapi.

Mahali pengine Nakhungu alizoea kuambiwa asiguse. Asiguse vikombe, ataviangusha. Asiguse kitabu cha mwenzake, atakichafua. Katika chumba kile cha nyuma hakuna aliyemwambia hivyo. Walipomaliza kucheza, yeye ndiye aliyetoa diski kwenye mashine na kuirudisha katika kasha lake, na alifanya hivyo taratibu, kwa furaha ya mtu aliyeaminiwa.

Ijumaa moja Nakhungu hakuja, maana alikwenda Katito na mama yake kununua nyanya za kuuza. Adhuhuri ilipofika, Mjomba Hassan alikwenda msikitini na kumwachia Rehma duka. Hapo Rehma akapata wazo, na wazo lenyewe lilikuwa jema. Vinasa sauti walivyokwisha kuokota vilihifadhiwa ndani ya mchezo, mtu akitaka anavisikiliza tena. Angemrekodia rafiki yake sauti za daktari kwenye kaseti, azisikilize nyumbani kwa starehe zake.

Tatizo ni kwamba nyuma ya televisheni palikatazwa. Mjomba alikuwa amesema waziwazi kwamba waya za huko ni zake peke yake. Rehma alijiambia kuwa dakika kumi haziwezi kumuudhi mtu asiyeziona. Alichomoa waya wa sauti kwenye televisheni, akauchomeka kwenye redio kaseti iliyokuwa mezani, akabonyeza kitufe cha kurekodi. Alikwisha kunasa sauti nne aliposikia mjomba wake akikohoa barazani. Alirudisha plagi haraka haraka bila kutazama vizuri, akaificha kaseti mfukoni.

Jumamosi wasichana wote wawili walikuwapo. Nyayo zilisikika, milango ililia, na muziki wa kuogofya ulikuwa palepale. Lakini Rehma alipookota kinasa sauti, daktari hakusema neno. Waliokota cha pili, kimya. Walirudia vile vya zamani, kimya.

Mjomba Hassan aliitwa. Aliitoa diski na kuielekeza kwenye mwanga wa dirisha, akaona alama za vidole zimeenea kote. Aliuliza ni nani aliyeipapasa hivyo. Nakhungu hakusita, alisema ni yeye, siku ya Alhamisi, alipotaka kujua upande wenye maandishi.

"Basi umeiharibu, binti yangu," Mjomba Hassan alisema. Hakugomba. Aliyasema kwa upole, na upole huo ndio uliouma zaidi. "Kuanzia leo diski usiguse."

Nakhungu aliitikia, akavaa viatu vyake na kuondoka akipapasa ukuta. Rehma alijua kabisa kwamba siku ya Ijumaa, baada ya vidole vile kuigusa diski, daktari alikuwa akizungumza vizuri. Ushahidi alikuwa nao mfukoni. Lakini kuutoa kulikuwa ni kujitia kitanzi mwenyewe, kwa hiyo alinyamaza, akajiambia kuwa mjomba ni fundi na mambo yatatengenea yenyewe.

Hayakutengenea. Mjomba Hassan aliifuta diski kwa kitambaa laini, akianzia katikati kwenda ukingoni. Alifungua mashine na kupangusa kile kijicho kinachosoma diski. Aliweka diski nyingine, ya mpira wa miguu, na kelele za mashabiki zikasikika bila kasoro. Akakata shauri kwamba mashine ni nzima na diski ndiyo iliyokufa.

Jumapili Rehma alikwenda kwa kina Nakhungu. Mama yao, Mama Agneta, alimfungulia mlango akamwambia kuwa Nakhungu amejilaza tangu jana na hataki kutoka. Alisema binti yake anadai hana mikono ya kushika vitu vya watu. Rehma alirudi nyumbani, na siku hiyo wali haukumshuka.

Jumatatu alikuwa dukani, amekaa kwenye kibao bila kuwasha chochote, alipoingia Zadock, mvuvi wa Dunga, kuichukua redio yake. Mjomba Hassan aliifungulia, ikaimba vizuri. Zadock alifurahi, akauliza kama kazi ilikuwa ngumu. Mjomba alimjibu kuwa ilichukua dakika kumi tu, kwa sababu aliambiwa mapema kilichotokea. Asingeambiwa, angeifungua redio nzima na bado asingejua aanzie wapi.

"Ni mtoto yangu alimwaga chai ndani," Zadock alisema. "Lakini alikuja kuniambia saa hiyohiyo, anatetemeka. Sasa mimi nitampiga ya nini? Kama angenyamaza, ningesema ni mama yake ameharibu, na nyumba yote ingekuwa vita."

Alicheka, akaaga, akaenda zake na redio kwapani. Rehma hakucheka. Aliona aibu hata masikio yakamwaka. Mtoto wa Zadock alitetemeka na bado akasema, na yeye, mkubwa mzima wa darasa la saba, alikuwa amemwacha rafiki yake abebe mzigo usio wake. Alisimama, akaitoa kaseti na kuiweka mezani mbele ya mjomba wake.

"Mjomba, diski si mbovu," alisema. "Sikiliza hii."

Mjomba Hassan aliiweka kaseti kwenye redio. Sauti ya daktari wa meli ikajaa duka, safi, kila neno mahali pake. Aliisikiliza yote mpaka mwisho.

"Umerekodi lini?"

"Ijumaa, ulipokwenda msikitini. Nilichomoa waya nyuma ya televisheni."

"Na Nakhungu aliishika diski lini?"

"Alhamisi," Rehma alijibu, na machozi yakaanza kumtoka.

Mjomba Hassan alikwenda chumba cha nyuma, akainama nyuma ya televisheni na tochi. Mashine ile ilikuwa na plagi tatu: ya njano ya picha, kisha nyeupe na nyekundu za sauti. Televisheni, kwa uzee wake, ilikuwa na tundu moja tu la sauti. Nyeupe ndiyo iliyoingia humo siku zote, na nyekundu iliachwa ikining'inia. Sasa nyekundu ilikuwa ndani na nyeupe ndiyo iliyoning'inia.

Alizibadilisha, wakajaribu. Daktari akasema. Mjomba alimweleza Rehma kwamba muziki, nyayo na milango hupita katika waya zote mbili, ndiyo maana havikupotea, lakini waliotengeneza mchezo huu walipitisha sauti ya daktari katika ule mweupe peke yake.

"Siku tatu nimehangaika," alisema. "Nimefuta diski, nimefungua mashine. Ningetazama huku, lakini nilijua hakuna aliyepagusa."

Kisha alifunga duka, saa tano ya asubuhi, siku ya kazi. Walikwenda kwa miguu mpaka kwa kina Nakhungu. Mama Agneta alipomwona fundi mlangoni alidhani amekuja kudai kitu, akaanza kuomba radhi. Mjomba Hassan alimzuia kwa mkono.

"Mimi ndiye nimekuja kuomba radhi," alisema, akamgeukia Nakhungu aliyekuwa amesimama nyuma ya pazia. "Mwanangu, nimekukosea. Niliona alama za vidole, nikadhani nimeona kosa. Sikuuliza zaidi. Diski ni nzima, na hukuharibu kitu."

Rehma alieleza yote yaliyobaki, ya kaseti na ya plagi, bila kuruka hata moja. Nakhungu alimsikiliza kama alivyozoea kusikiliza, kichwa ameinamisha upande.

"Siku mbili nimekuwa nikikumbuka vidole vyangu," alisema mwishowe. "Niliamini kweli ni mimi. Na wewe ulikuwa unajua, Rehma."

"Nilijua. Niliogopa. Nisamehe."

Nakhungu aligeukia ukutani. Mjomba Hassan aliketi kwenye kiti alichopewa, akazungumza na Rehma mbele ya wote.

"Wahenga walisema mficha maradhi kifo humuumbua," alisema. "Fundi naye ni kama daktari, asipoambiwa kilichotokea atatibu mguu huku kichwa ndicho kinachouma. Kugusa waya ni kosa dogo, na plagi nimeigeuza kwa mkono mmoja. Kunyamaza ndiko kulikokuwa kukubwa. Kitu kikiharibika kuna fundi. Lakini mtu uliyemwachia kosa lako alibebe, huyo hana duka la kumpeleka. Ni wewe mwenyewe umtengeneze, na huenda ikachukua siku nyingi."

Adhabu ilifuata papo hapo. Wiki nzima Rehma hangebonyeza kitufe hata kimoja. Nakhungu ndiye angecheza, na Rehma angekaa kando yake awe macho yake.

Kesho yake saa nne Nakhungu alikuja dukani. Mjomba Hassan alimfundisha kuishika diski kwa ukingo na tundu la katikati, kisha akamwachia aiweke mashineni mwenyewe. Meli ikatokea, giza tupu. Nakhungu aliketi, vidole vyake juu ya vitufe, na kwa mara ya kwanza tangu jana akamgeukia Rehma.

"Sasa niambie kweli," alisema. "Mbele yangu kuna nini?"

Rehma alitamani sana kufumba macho. Aliyaacha wazi, akamwambia kila alichokiona.