Kiraka cha Nyuma ya Kabati

Nguo zilianza kutoka kabatini zikiwa na joto. Joto la mwili, si la jua. Unavuta gauni lililokunjwa tangu juma lililopita, unalikuta kama mtu amelivua sasa hivi. Mwenye nyumba, mama wa mtoto mmoja, alicheka mwanzoni, akasema angalau amepumzika kupiga pasi. Kisha nguo zikaanza kunuka jasho la mtu asiyemjua, kicheko kikamkauka, akamwita dada yake.

Dada yake alikuwa fundi wa kushona dunia. Msicheke. Katika mji ule dunia ilikuwa imechakaa, inachanika ovyo: njiani, jikoni, mara nyingine hewani tu, juu ya meza watu wakila. Ndani ya mpasuko kulikuwa na giza, ndani ya giza kulikuwa na majini, na majini hawabishi hodi. Fundi akiitwa alikuja na sindano, uzi na kiraka. Sharti la kazi lilikuwa moja: kiraka akikate nyumbani kwake mwenyewe, maana kikikatwa kwa mtu mwingine huacha mpasuko mpya. Ndiyo maana nyumba za mafundi zilikuwa vituko, ukuta unaishia katikati, dirisha lina upande mmoja. Huyu alikuwa amebakiwa na jiko na nusu ya chumba, analala amekunja magoti.

Basi akachoka, binadamu huchoka. Siku alipoitwa kuziba mpasuko mkubwa sokoni, aliitazama nusu yake ya chumba, akaionea huruma. Akapitia kwa mdogo wake, akamsaidia kukunja nguo, na yule alipotoka kuteka maji, yeye akasogeza kabati, akatoa mkasi, akakata kipande cha ukuta cha upana wa shuka. Nani huchungulia nyuma ya kabati? Sokoni walimpigia makofi mpaka akaona haya.

Haya zenyewe zilikuja sasa, mchana kweupe, amesimama mbele ya kabati lile lile.

"Dada," mdogo wake alinong'ona, "kuna kitu kinapumua humo. Na mtoto anakijibu."

Mtoto alikuwa kitandani. Kipusa walimwita, na fundi, ambaye hakujaliwa kuzaa, alimpenda kupita kiasi. Hakuwa amekula tangu jana. Alilikodolea kabati macho, akitabasamu kwa upande mmoja wa mdomo.

"Tangu lini?"

"Tangu ulipokuja tukakunja nguo. Siku ile hukuona chochote, dada?"

"Sikuona," fundi alisema. Uongo ulimtoka laini, na ulaini wake ukamtisha.

Alirudi kwake mbio, akaikata ile nusu ya chumba, akaja nayo begani. Walipolisogeza kabati harufu ya jasho ikawapiga usoni, na fundi akaanza kushona, na kila alipopitisha sindano kitu kikapumua juu ya vidole vyake, taratibu, kwa subira, kama mtu anayengoja zamu yake, na mtoto kule kitandani akapumua pamoja nacho, na mdogo wake akishika uzi akawa anasema kwa sauti ya chini, fanya haraka dada, fanya haraka, mpaka ikabaki nukta ya kufunga fundo.

Kabla ya fundo la mwisho fundi huuliza: nani alikufungulia? Jini hawezi kudanganya kwa swali hilo, na akishajibu hana budi kurudi alikotoka. Asipoulizwa hubaki upande huu. Hayo fundi aliyajua tangu uanafunzi wake. Akamtazama mdogo wake aliyeshika uzi. Akafunga fundo kimya.

Harufu ilikatika. Mdogo wake akamlalia begani, akilia. "Ningefanyaje bila wewe, dada?" Afadhali angemtukana.

Kesho yake asubuhi mdogo mtu alimleta mtoto jikoni kwa fundi, amembeba.

"Mguse, dada. Hana joto. Hata nguo anazovua ni baridi."

Fundi akaweka sikio kwenye kifua kile kidogo, akasikia pumzi mbili, moja ikiingia wakati nyingine inatoka, na ile nzito ilikuwa inaisukuma ile nyepesi, kidogo kidogo, kuelekea nje. Jua lisingezama kabla haijaimaliza.

"Mama mkubwa hakuniuliza," mtoto alisema kwa sauti ya mtu mzima.

"Hakukuuliza nini?" mama yake akanong'ona. "Dada, anasema nini?"

Angeweza kusema ni homa. Mungu amsamehe, neno lilifika ulimini. Akapiga magoti sakafuni badala yake, na aibu ikampanda hadi masikioni.

"Nani alikufungulia?"

Kidole cha mtoto kikamgusa fundi kifuani. Kisha ile sauti ikaeleza yote bila haraka: kabati, maji, mkasi, upana wa shuka. Ikaeleza na lile ambalo fundi hakuwa amejiambia hata mwenyewe, kwamba njiani kwenda sokoni, ukuta wa mdogo wake ukiwa begani, alikuwa anaimba.

Upepo wa moto ukamtoka mtoto mdomoni, vikombe vikagongana rafuni, ukapotea. Kipusa akaanza kulia kwa sauti yake mwenyewe, akitaka uji.

Mama yake alimfunika vizuri, akamshika kwa mikono miwili. Alitazama pale chumba kilipokuwa, kisha akatazama chini. Hakugomba. Alifika mlangoni, akasimama, akasema bila kugeuka:

"Ahsante, fundi."