Aliyeshika Demani

Tanga lilikuwa limelowa tena. Mama Mapazia aliligusa kwa kiganja, akanusa, akakunja uso: maji ya chumvi, na uvundo wa matope yaliyooza. Mvua haikuwa imenyesha, na paa la chumba chake cha ushonaji halikuvuja. Tanga lenyewe lilikuwa la marehemu mumewe. Shemeji yake ndiye aliyelileta litiwe viraka. Wakishaoana wiki ijayo, alisema, atalitweka kwenye chombo chake kipya, kumuenzi kaka.

Posa ile Mama Mapazia aliikubali kwa moyo mweupe. Nani mwingine angemfaa? Chombo cha mumewe kilipopinduka, shemeji alirudi peke yake akielea juu ya ubao, na tangu hapo hakumwacha mkono. Alilia naye, akamtafutia wateja, akambebea majora ya vitambaa bila kunung'unika.

Lakini tanga lilikuwa linasema. Kila cherehani ilipotulia, sauti ya mumewe ilitoka kwenye mikunjo, chini chini: "Legeza demani." Kisha kimya, kama mtu anayengoja jibu. Mama Mapazia alijua pindo na mshono. Maneno ya baharini mumewe aliyaacha huko huko baharini.

Mchana huo shemeji alipokuja, alimnong'oneza, "Shemeji, demani ndiyo nini?"

Shemeji akacheka. "Unataka kuwa baharia uzeeni?" Akainama, akazishika kamba za tanga moja moja. "Hii henza, ndiyo inayolipandisha. Demani ni hii, inashika pembe ya nyuma. Upepo ukizidi, unailegeza, tanga linamwaga upepo, chombo kinainuka. Usipoilegeza, mmekwisha."

"Na nahodha anajuaje kama amesikika, na kelele zote zile?"

"Mwenye demani anairudia amri kwa sauti. Akishajibu, nahodha hageuki tena kumtazama. Anamwamini."

"Siku ile aliishika nani?"

"Mpishi wa chombo, naye marehemu. Mimi nilikuwa ngamani, chini kabisa, nafua maji yaliyoingia. Si nilishakwambia?"

Mlango ukajifunga. Nje hata jani halikutikisika, lakini mle ndani tanga likaanza kutuna, likainuka sakafuni pindo kwa pindo, likayasukuma majora ukutani, na ule uvundo wa matope ukajaa chumba hadi Mama Mapazia akaonja chumvi kooni, na sauti, ambayo sasa haikuwa ya chini chini tena, ikapaza amri iliyotetemesha madirisha: "Legeza demani!"

"Legeza demani!" akajibu shemeji.

Macho yalimtoka, mdomo haukuwa wake. Wala mikono haikuwa yake. Iliishika demani, ikaizungusha kwenye mguu wa meza ya kukatia, ikaikaza, ikapiga fundo. Sauti ikaamuru tena, mdomo ukajibu tena, mikono ikaongeza fundo juu ya fundo.

"Ulijibu," Mama Mapazia alisema, akiketi kwenye kiti cha cherehani. "Alikugeuzia mgongo kwa sababu ulijibu."

"Nilikutaka wewe," shemeji akalia. "Tangu siku alipokuleta nyumbani."

Iliuma kuliko siku ya msiba. Siku ile alidhani bahari ndiyo iliyomwibia mume, na huyu ndiye aliyemfuta machozi, kwa mikono ile ile.

Mafundo yakafumuka yenyewe. Demani ikachapa hewani, ikamviringa shemeji shingoni, na ncha yake ikaanguka mapajani mwa Mama Mapazia. Akaidaka, na tanga likavuta upande wa pili. Angeiachia kamba, shemeji angepona.

"Shemeji," akakoroma, "nakuomba... legeza demani!"

Mama Mapazia akajibu kwa sauti, kama alivyofundishwa: "Legeza demani!"

Shemeji akafumba macho, akamwamini.

Naye akaizungusha kamba kwenye mguu wa chuma wa cherehani, akaikaza, akapiga fundo.