Mabenchi Yaliyoupa Mlango Mgongo

Ukumbi wa kituo kikuu cha mabasi ulikuwa umefurika watu. Mhakiki wa majengo wa gazeti alikuwa akitembea macho yote darini, akamkanyaga dada mmoja mwenye gauni la kijani.

"Kaka, huko juu kuna nini, mzinga wa nyuki?"

"Samahani, dada. Natazama jengo."

"Na unalionaje?" Aliuliza haraka mno.

"Sisemi mpaka niandike. Wala siulizi nani kalichora. Nikimjua, mkono unalegea."

Dada huyo alikuwa msanifu majengo, na ukumbi ule ndio kazi yake ya kwanza. Hapo ndipo angesema. Hakusema. Alitaka sifa isiyo na upendeleo, na tamaa hiyo, jamani, iliwaponza wote wawili.

Wakapeana namba za simu, mapenzi yakakolea. Simu asubuhi, simu mchana. "Umekula, bwana mapaa?" "Nimekula, laazizi. Mama anauliza mkwe wake anakuja lini."

Kisha makala ikatoka. "Mabenchi yameupa mlango mgongo," aliandika. "Anayesubiri hamwoni anayefika. Aliyechora ukumbi huu hajawahi kumsubiri mtu anayempenda."

Jioni akampigia kwa furaha. "Laazizi, umeisoma?"

"Nimeisoma. Ukumbi ule nimeuchora mimi."

Mhakiki akalivuta gazeti, akaisoma tena sentensi yake ya mwisho.

"Baba alisafiri nikiwa mdogo. Kila jioni nilikaa nikiukodolea macho mlango. Hakurudi. Nikaapa nikijenga mimi, mlango hautamtesa mtu."

"Nisamehe, mama. Kesho naandika upya."

"Uandike nini, uongo? Umesema kweli. Nilimwona bibi mmoja pale, mwanawe kampita kwa nyuma, wakapotezana. Nililia. Nilitaka mtu mmoja tu duniani asilione kosa lile."

"Basi tuoane, tuyasahau."

"Tangu niisome sijaweza kuchora hata choo. Nikishika penseli nakusikia wewe. Nitakuwa mke wako, sawa, lakini kazi yangu itakufa."

"Basi naacha kuandika! Leo leo!"

"Utanichukia, mpenzi. Nami nakupenda mno, siwezi kungoja siku hiyo."

Akakata. Mhakiki alipiga tena na tena, haikupokelewa.

Mara simu ikaita. Aliirukia.

"Laazizi!"

"Laazizi gani, bwana? Ni mimi, mhariri wako. Hongera! Makala imependwa na kila mtu."

Alishukuru kwa adabu, akaiweka simu mezani, akalia.