Mara Sitini na Moja

— Gurudumu hili lina alama sitini na tatu, mume wangu alisema. Zangu ni mbili. Nyingine za nani?

Nilikuwa nimesimama mlangoni pa karakana yake mchana wa Jumamosi, chai yake mkononi. Mume wangu ni fundi saa. Mtaa mzima unamwita Fundi, na mimi pia, hata chumbani. Mezani kwake ilikuwa ile saa ya kengele aliyoiunda mwenyewe mwaka tuliooana, imefunguliwa mgongo ili aisafishe.

Niwaeleze mapema msije mkapotea. Ukizungusha ufunguo wa saa hiyo kinyumenyume, dunia nzima inarudi nyuma dakika kumi na moja. Hakuna anayekumbuka kitu isipokuwa aliyeshika ufunguo. Saa yenyewe hairudi, kwa hiyo kila mzunguko unaacha alama kwenye gurudumu la shaba. Hilo la alama sikulijua. Nina diploma ya utunzaji wa stoo, ya saa sina.

Fundi aliitumia mara mbili: kifungua mimba wetu alipotumbukia kwenye pipa la maji, na siku mama yake alipoteleza ngazini. Tulikubaliana ni ya kuokoa roho tu.

— Labda watoto, nilisema.

— Watoto hawafiki juu ya kabati la chumbani.

— Labda imelika yenyewe.

— Mke wangu, mimi kazi yangu ni nini?

Nikaweka kikombe chini.

— Ni mimi.

— Zote?

— Zote.

— Nani alikuwa anakufa?

— Hakuna, Fundi. Tulikuwa tunagombana.

Alivua lenzi ya jichoni, akanitazama kama mteja aliyeleta saa ya wizi.

— Sisi hatujawahi kugombana, alisema.

Hapo ndipo aibu iliponishika. Huyu ni mwanaume anayesimama kwenye sherehe za watu na kusema mkewe ana miaka tisa hajampandishia sauti. Wiki hiyohiyo wifi yangu alikuwa amenitumia ujumbe: "Wifi nifundishe, unawezaje kumtuliza mtu kabla hajakasirika?" Nami nikamjibu bila haya: "Ni subira tu mpenzi."

Subira gani. Tukianza kugombana nilimwacha aseme yote yanayomuuma, nami namtukana mpaka nipoe. Halafu naingia chumbani, nazungusha ufunguo. Nikirudi namkuta anatabasamu, na majibu yake yote ninayo mfukoni.

— Nieleze ule ugomvi mbaya kuliko yote, alisema.

— Tuache, Fundi.

— Nieleze.

Ufunguo ulikuwa mezani, karibu na mkono wangu kuliko wake. Gurudumu alikuwa hajalitoa, saa ingefanya kazi. Ningerudi kabla hajafungua saa, nikaificha, nikasema imeibiwa. Aliona macho yangu yalipokwenda.

— Zungusha, alisema. Sitajua. Utajua wewe.

Nikauchukua ule ufunguo. Nikamwekea kiganjani, nikamfumba vidole.

— Ni siku ulipokataa kazi ya duka kubwa ili ubaki karibu na mama yako, nilisema. Nilikwambia mama yako anakula maisha yetu. Nikasema afe tupumue.

Akaukaza ufunguo kiganjani.

— Ukalia. Ukaniuliza kama nilikupenda au nilikosa mwingine. Nikasema nilikosa mwingine.

— Halafu?

— Halafu nikarudisha saa. Nikakuletea chai, nikakwambia umefanya vizuri, mama ni mmoja.

— Nakumbuka hiyo chai, alisema. Nilimpigia mama nikamwambia nimeoa malaika.

— Najua. Nilikuwa nimekaa pembeni.

— Na hilo la kukosa mwingine?

— Si kweli. Nilitaka likuume. Nilipoona umeliamini nikaogopa, nikakimbilia kabatini.

— Nilikuwa nalia?

— Ulikuwa unalia.

— Ukaniacha pale nalia, ukaenda kushughulika na saa.

Akasimama. Sauti ilipanda mpaka jirani akazima redio yake asikilize vizuri. Aliniita mwongo, mnafiki, mwanafunzi aliyeiba mtihani. Alisema hajui kama ana ndoa au maigizo. Alisema jioni anafungasha nguo anahamia kwa mama yake. Nilisimama nikiangalia chini. Karakana nzima ilikuwa inagonga, saa ishirini na kitu za ukutani, na sikuwa na pa kukimbilia.

Dakika ya kumi na moja ikapita. Sijui niwaelezeje. Miaka tisa ya ndoa, na sikuwa nimewahi kufika pale.

Akakaa. Akajifuta uso kwa kitambaa cha mafuta, akabaki na mstari mweusi shavuni.

— Na mimi nilikuwa nakuambia nini, mara zote hizo? aliuliza kwa sauti ya chini.

— Mengi.

— Kama yapi?

— Kwamba natembea nyumbani kama askari wa zamu.

— Hilo kweli, alisema, na mdomo ukamcheza kidogo. Mengine?

Nikamwambia. Mengine yalikuwa machafu kuliko yangu. Alisikiliza kichwa chini.

— Sikukuomba radhi hata mara moja?

— Sikukupa nafasi.

— Mimi huwa napoa, mwanamke wewe, alisema. Ungekaa tu.

Nililia hapo, si kwa kuonewa. Kwa kujijua.

Akanisogezea simu yake.

— Mpigie mama. Mwambie wewe si malaika.

— Na lile la kufa?

— Hilo tutalibeba sisi wawili.

Nikapiga.

— Shikamoo mama.

— Marahaba mwanangu. Mbona sauti hiyo?

— Tumegombana na Fundi, mama. Nimemdanganya miaka mingi. Makosa ni yangu.

— Mmegombana? Kwa kelele?

— Jirani amesikia.

— Afadhali, mama mkwe alisema. Nilikuwa nakuogopa, mtoto wewe. Mtu asiyekasirika huwezi kujua utamkosea wapi. Njoo kesho, tena uje mikono mitupu, nimechoka na zawadi zako.

Fundi hakuhama. Alininunia siku tatu, akila bila kuniangalia, akilala ameupa mgongo upande wangu. Siku ya nne akaniuliza chumvi iko wapi. Hizo siku tatu nimezikaa zote, saa kwa saa.