Watumiaji Sita wa Seva ya Nduta

Haya yalimpata Nduta, mwenzetu wa kwaya pale mtaani Skuta. Kesho yake alikuwa na mahojiano ya kazi ya kutunza seva za zamani, zile kompyuta kuu zinazohudumia nyingine, kazi aliyoiombea mwaka mzima, kwa hivyo alikuwa akifanya mazoezi kwenye seva ya kuigiza ndani ya laptopu, bila mtandao wowote. Zoezi lilitaka aandikishe watumiaji sita, kisha awafute. Kwa uvivu, na mwenyewe anakiri, alinakili majina ya marehemu kutoka vijitabu vya mazishi alivyoweka kwa Biblia. Hakuwapa hata nenosiri la kuingilia.

"Ati hata cucu umemweka?" dada yake Shiku akamuuliza, alipoona jina la nyanya yao. "Wacha mchezo na wafu, wewe!"

"Ni mazoezi tu. Kwani watafufuka?"

Alasiri ukungu ukashuka, stima ikapotea, taa zote zikazimika. Kwa mwanga wa kioo cha laptopu tu, Nduta akaanza kuwafuta. Watano wakafutika. Kwa Watiri, nyanya yao aliyezikwa Wamagana, seva ikakataa: mtumiaji huyu yuko ndani, anaitumia seva sasa hivi.

Feni ya laptopu ikavuma, ikanyamaza.

"Bwana, nisamehe," akanong'ona, akaitisha orodha ya walioingia. Yakatokea majina mawili: Nduta, na Watiri, aliyeingia dakika ile stima ilipopotea.