Vifungo Vinane

Hakuwa na mkanda, hakuwa na kamba za viatu, hakuwa na ufunguo wa mlango wowote. Hakuwa na mgeni wa Jumapili. Alikuwa fundi cherehani asiye na mkasi, kwani mkasi ulifungiwa kabatini kwa mlezi wa nyumba ile ya wagonjwa wa akili. Shati lake halikuwa na kifungo hata kimoja. Alivinyofoa mwenyewe siku alipougua.

Alikutana na mwanamke mmoja kwenye foleni ya dawa, watu thelathini kwa dirisha moja. Mwanamke alikuwa wa zamu ya kufulia, gauni la bluu lenye vifungo vinane mbele, mikono ikinukia sabuni.

"Fundi mzima, kifua wazi kama dirisha!"

"Napunga upepo, mama."

"Mama yako nani? Niite mpenzi au nyamaza."

Foleni nzima ikaangua kicheko. Tangu hapo wakamenya viazi pamoja kila zamu.

Siku moja mwanamke alikuja amevaa sweta hadi shingoni, ingawa jua lilikuwa kali. Akamnong'oneza, "Nimevificha chini ya godoro. Vyote. Usimwambie mtu, roho yangu."

Fundi akawaza vidonge. Mwaka uliopita mwenzao mmoja alificha vidonge, akavimeza kwa mkupuo, wakamzika. Na sheria ya nyumba ile ilikuwa moja: aonaye husema, kikaoni, mbele ya wote.

Asubuhi akasimama. "Mwenzetu wa kufulia anaficha vidonge."

Godoro likainuliwa. Vilikuwa vifungo vinane vya bluu, vimekatwa kwa meno.

"Vya shati lako," alisema mwanamke. "Mlezi angenishuku, sawa. Lakini wewe, fundi wa nguo! Nikisema 'nimevificha', unasikia vidonge?"

"Niliogopa kukupoteza."

"Basi umenipoteza."

Aliviacha pale pale, akampigia kaka yake aje kumchukua.

Fundi alivishona vyote kwenye shati lake. Kisha akapiga simu.

"Shemeji, naomba kuzungumza na dada yako."

"Shemeji wa nani? Hapa hakuna mgonjwa. Na barua za huko nawashia moto."

Hata hivyo aliandika, na kila barua aliitia kifungo kimoja alichokikata shatini. Hakujibiwa. Katika ya nane aliandika mstari mmoja tu: "Mpenzi, napunga upepo tena." Akakata uzi wa mwisho kwa meno, akatia kifungo, akalamba gundi, akaibana bahasha kwa dole gumba na kumkabidhi tarishi.