Pumba Kwenye Ukingo wa Lambo

Kila alfajiri Edna alikuwa na kazi ambayo hakuna mwenzake darasani aliyekuwa nayo. Alifukuza bata bukini.

Mama yake, Benedicta, alikuwa mtunza bustani wa loji ndogo iliyojengwa kando ya lambo, nje kidogo ya mji wa Karatu. Wawili hao waliishi katika chumba cha wafanyakazi nyuma ya jiko. Mbele ya loji palikuwa na uwanja wa nyasi fupi, laini, ulioteremka mpaka majini. Hapo ndipo wageni walipokunywa chai kabla ya kupanda magari kwenda Ngorongoro kuangalia wanyama.

Bata bukini nao waliupenda uwanja huo. Walikuwa ndege wakubwa wa rangi ya kahawia, wanaotembea kifua mbele kama wenye nyumba. Walitoka majini, wakapanda taratibu huku wakichuma nyasi, na kila walipopita waliacha kinyesi. Kundi dogo tu lilitosha kuufanya uwanja wote usikalike.

"Wafukuze mapema kabla hawajashiba," mama yake alimwambia siku ya kwanza. "Wakishakula hapa mara mbili tatu, watapaona kwao."

Kwa hiyo Edna alitembea ukingoni akigonga debe kwa fimbo mpaka bata waruke. Walizunguka hewani wakipiga kelele, wakatua upande mwingine, naye akawafuata huko huko. Hiyo ndiyo ilikuwa kazi yenyewe: kurudia rudia mpaka wao ndio wachoke. Mwezi wa nne kazi hiyo ilikuwa mchezo. Lakini ulipofika mwezi wa saba, ukungu ukawa unashuka kutoka msituni na kulala juu ya lambo, umande ukawa baridi kama maji ya mtungi, na vidole vya miguu vikafa ganzi ndani ya kandambili. Tena, tuseme ukweli, Edna alikuwa mpenzi mkubwa wa usingizi.

Uvivu ukamfundisha ujanja. Upande wa chini wa lambo, mbali na uwanja, palikuwa na kona ambako loji iliwaruhusu wafugaji wa jirani kunywesha ng'ombe na ndama wao wakati wa kiangazi. Asubuhi moja Edna alichota pumba za kuku wa mama yake, akakimbia mpaka kwenye kona hiyo, akazimwaga ukingoni. Bata bukini walimwona. Walikuja wote, wakainamisha shingo, wakaanza kula. Uwanja ukabaki mtupu. Edna akarudi chumbani mbio, akajifunika blanketi gubigubi, akalala tena mpaka muda wa shule.

Akafanya hivyo kesho yake, na siku zilizofuata.

"Mnauona uwanja wa mwanangu?" Benedicta aliwaambia wapishi, uso umemng'aa. "Huyu mtoto ni mchapakazi. Hata sijui amerithi kwa nani."

Wapishi walicheka na kumpa Edna andazi la moto. Edna alilila huku akitazama chini. Alijiambia kwamba hajafanya kosa. Uwanja ulikuwa safi, na mama alikuwa na furaha.

Pumba, hata hivyo, huita. Bata walioshiba walikuja na wenzao, na wenzao wakaja na watoto wao. Walipomaliza pumba asubuhi hawakuondoka tena. Waliota jua, wakangoja, na njaa ilipowauma mchana, Edna akiwa shuleni, walipanda uwanjani kundi zima. Benedicta alifagia mpaka mgongo ukamuuma, asielewe wametoka wapi. Kisha siku moja mgeni, mama wa makamo, aliteleza kwenye kinyesi akiwa na kikombe mkononi. Alianguka vibaya na kuteguka mkono, akapelekwa hospitali badala ya kwenda kuangalia wanyama.

Jioni hiyo meneja, Bwana Emilian, alizunguka lambo lote akiwa amekunja uso. Kwenye kona ya ndama alikuta pumba zimetapakaa ukingoni, na bata wamelala juu yake.

Wakati huo waliokuwa wakinywesha ni wafugaji wachache tu, na aliyekuja mapema kuliko wote alikuwa Mzee Lesiamon. Alikuwa ametoka Kakesio, kijiji cha mbali cha Wamaasai, na mifugo yake michache kwa sababu ya ukame, akafikia kwa binti yake hapo kijijini. Mjukuu wake, Nanyori, alisoma darasa moja na Edna.

Meneja alisimama nyuma ya jiko, wafanyakazi wote wakisikia. "Kuna mtu analisha mifugo kwenye lambo langu. Edna, wewe huwa uko huko alfajiri. Huyo mzee umewahi kumwona na pumba?"

Edna alihisi mama yake akimtazama. Lilikuwa jicho lile lile la fahari la siku ya andazi. Angewezaje kulizima mbele ya wapishi wote?

"Huwa anakuja na kiroba," alisema.

Hilo lilikuwa kweli. Mzee Lesiamon alikuwa na kiroba begani siku zote. Edna alijua pia kilichomo, maana aliwahi kukiona kikifunguliwa: mabonge ya magadi ya kulambisha ng'ombe, basi. Lakini hakuulizwa, naye hakusema. Meneja alitikisa kichwa, akamtuma mlinzi. Kesho yake mzee alizuiwa njiani, watu wakiona, akaambiwa yeye ndiye aliyewaleta bata na kumuumiza mgeni. Asikanyage tena lambo hilo.

Usiku ule na usiku uliofuata Edna, mpenzi wa usingizi, hakuupata. Aliacha kumwaga pumba. Akarudia debe lake na kulipiga kwa nguvu zote, lakini bata sasa walikuwa wengi na wenye kiburi, na kupiga debe hakukuondoa kile kilichomkaa kifuani.

Siku chache baadaye, akitoka shule, alikutana na Mzee Lesiamon barabarani. Ng'ombe wake walikuwa wakijikokota kutoka bonde la mbali, ambako sasa alilazimika kuwapeleka kunywa. Nyuma kabisa ndama mdogo alitembea akiyumba. Edna alitamani kujificha shambani, ila mzee alikwisha kumwona. Watoto wa Kimaasai humsalimia mkubwa kwa kuinamisha kichwa, naye huwagusa utosini. Edna alijifunza hivyo kwa Nanyori, na mzee alikuwa akifurahi sana mtoto wa Kiiraqw kama yeye akimsalimia namna hiyo. Akainama. Kiganja kikavu kikamgusa utosini, kikatulia hapo kama kawaida.

"Nakerai, mtoto wangu, hujambo? Shule inaendeleaje?"

"Sijambo, babu. Inaendelea vizuri."

"Mimi wamenifukuza kule kwenu," mzee alisema, bila hasira, kama mtu anayeshangaa tu. "Wanasema namwaga pumba. Pumba nitoe wapi, na ndama wangu mwenyewe anakosa? Wewe unaamka mapema. Hukuona mtu?"

Mkono ulikuwa bado juu ya kichwa chake. Edna aliona ardhi, aliona kandambili zake, aliona kwato za yule ndama zikitafuta mahali pa kukanyaga.

"Sikuona mtu, babu," alisema.

Alipofika nyumbani alinawa uso mara nyingi. Aibu ilimwaka masikioni. Kauli ile ya kwanza, ya kiroba, aliweza kujidanganya kwamba haikuwa uongo. Hii hakuwa na pa kuipeleka.

Jumatatu Nanyori hakucheza wakati wa mapumziko. Alikaa ukutani, miguu ameikunja.

"Una nini?" Edna aliuliza.

"Ndama wetu amekufa," Nanyori alijibu. "Yule mdogo. Mama yake hakuwa na maziwa ya kutosha, na njia ya kwenda majini ni ndefu. Alilala tu njiani akakataa kuamka. Babu alimbeba mpaka nyumbani, lakini alikufa. Babu hajala tangu jana." Akafuta pua kwa mkono wa sweta. "Eti pumba. Aliyemwaga hizo pumba mimi nikimjua..."

Edna naye hakuweza kumtazama.

Jioni alimkuta mama yake akipalilia maua. Alisimama nyuma yake, akasema yote bila kupumua: baridi, blanketi, pumba, kiroba, barabarani, ndama. Benedicta aliweka jembe chini polepole. Edna alingoja kupigwa, na kwa kweli alitamani kupigwa. Mama yake aliketi tu kwenye nyasi, akajifunika uso kwa kanga.

"Na mimi nikakusifu kwa watu," alisema. "Nikasimama jikoni nikijitapa, kumbe najitapa kwa uongo." Alipoondoa kanga macho yalikuwa mekundu. "Inuka. Twende kwa meneja. Utasema mwenyewe, mimi sitakusaidia hata neno moja."

Bwana Emilian alisikiliza mpaka mwisho. Mwanzoni alikasirika, kisha akawa anasuguasugua paji la uso. "Nilimhukumu mtu kwa neno la mtoto, tena nusu neno," alisema. "Sikumuuliza hata yeye mwenyewe kiroba kina nini. Twendeni wote kwa mzee."

Kuhusu bata wenyewe, waliamua jioni hiyo hiyo. Hakuna kutupa chakula chochote ukingoni, hata ganda la mkate wa mgeni. Benedicta akaomba ruhusa ya kutokata nyasi za kando ya maji, kwa sababu bata bukini hawapendi kupita mahali ambapo hawaoni kilichojificha mbele yao. Baadaye nyasi zilipofika magotini, na debe likagongwa kila alfajiri bila kukosa, kundi lilipungua, kisha likahamia kwingine. Lakini hayo yalikuwa mepesi. Lililobaki lilikuwa gumu zaidi.

Mzee Lesiamon aliwapokea jioni hiyo nje ya boma la binti yake. Edna alisema yote tena, Nanyori akiwa amesimama mlangoni. Alipotaja pumba, Nanyori aligeuka akaingia ndani. Meneja naye aliomba radhi, akasema mzee arudi lamboni wakati wowote, na kwamba atamlipia ndama.

Mzee alisimika fimbo yake ardhini.

"Ya ndama tutaongea, meneja, mimi na wewe," alisema. "Lakini sirudi lamboni kimya kimya kama mtu aliyesamehewa. Mimi sikukosa. Jina langu lilichafuliwa mbele za watu. Mtoto huyu aje Jumamosi, wafugaji wote wakiwa wananywesha, aseme mbele yao alichoniambia mimi."

Edna alimwangalia mama yake. Mama yake alitazama pembeni.

Jumamosi ilifika. Wafugaji walikuwa kwenye kona, wanaume kwa wanawake, na wapishi wa loji wakashuka kusikiliza, hata walinzi. Edna alivua kandambili bila kujua kwa nini.

"Pumba nilimwaga mimi," alisema. "Nilitaka kulala. Babu Lesiamon hakumwaga kitu. Kiroba chake kina magadi, nilijua, sikusema. Na barabarani aliniuliza, nikamdanganya. Ndama wake amekufa kwa sababu yangu."

Hakuna aliyemkemea. Ingekuwa nafuu kama wangemkemea. Waliangalia tu, na kila jicho aliliona, la wapishi, la meneja, la Nanyori aliyesimama nyuma ya ng'ombe. Machozi yalimtoka, lakini hakuinamisha uso.

Mzee Lesiamon alisogea mbele, akaegemea fimbo yake.

"Mmesikia," aliwaambia watu. Kisha akamgeukia Edna. "Nakerai, uliposema nina kiroba, ulisema kweli, na kweli hiyo ikanifunga njia ya maji. Ukijua jambo, liseme lote. Nusu ukiibakiza mdomoni, kuna mtu mwingine ataibeba, na wewe humchagui. Ndama yule bado ananiuma. Sitakudanganya kwamba nimesahau. Lakini leo umesimama mahali pagumu ukasema lote, na mimi naweza kunywesha ng'ombe wangu huku watu wakinitazama."

Akapiga mluzi. Ng'ombe wakateremka mpaka ukingoni, wakainamisha vichwa, wakanywa.